Mama, Mmepatana

Siku ile ndiyo niliyojua kwamba Kaka Harshad, ndugu wa Baba, anakijua Kiswahili. Miaka yote alituambia amekisahau, alikiacha Kisumu pamoja na kaptura zake za shule, na mimi na Mama tulikuwa tukimsengenya mbele ya uso wake huku tunammiminia chai. Kumbe! Tulikuwa ofisini kwa wakili Vasant, juu ya duka la mapazia pale Kings Heath, Birmingham. Mama alikuwa ameiweka kalamu mezani na kusema, "Sitii sahihi." Wakili hakuelewa. Baba hakuelewa. Kaka Harshad akainuka kitini, akamwinamia Mama sikioni, na kwa Kiswahili kilichonyooka, polepole, kama mtu anayemfundisha mtoto kuhesabu, akasema:

"Skiza, Manjula. Hapa chini kuna saini ya mtoto wako. Yeye ndiye alisema amekuelezea kila kitu na ukaelewa. Ukisema leo hukuelewa, basi ni yeye amedanganya korti. Watakuja kumchukua. Sasa uchague mwenyewe."

Nilikuwa na miaka kumi na moja, nimevaa gauni la manjano, jipya, lebo yake bado inanikwaruza shingoni. Mama akanitazama. Hakunitazama usoni, alinitazama mkono wa kulia, ule wa kuandikia. Kisha akaichukua kalamu.

Nimeanza na hilo kwa sababu wiki hii wanapaka rangi ukumbi wa jengo letu, na tangu Jumatatu kila nikifungua mlango ile harufu inaniingia puani na kunirudisha. Watu wanasema harufu ya rangi inaumiza kichwa. Mimi hainiumizi kichwa. Kwangu harufu ya rangi mbichi ni harufu ya furaha, furaha ile ya kurukaruka, ya kushindwa kula, na ndiyo maana nina hasira. Yule mtu hakuniibia mama yangu tu, aliniacha nifurahi miezi sita mizima huku akijua.

Niwaeleze kwanza Mama alikuwa nani. Alikuwa Mhindu wa Tanga. Mama yake mzazi alifariki yeye hajatimiza miaka miwili, akalelewa na jirani aliyeishi nyuma ya duka la babu, mama wa Kidigo, akasoma shule ya msingi ya serikali, akagombana, akaimba na akaota ndoto kwa Kiswahili. Kigujarati chake kilikuwa cha kukwamakwama. Baba alikuwa mtu wa Kisumu kwa kuzaliwa tu, aliletwa Birmingham angali anabebwa, na Kiswahili chake chote kilikuwa "chai" na "haraka". Basi wazazi wangu waliongea Kigujarati, yeye kwa adabu, Mama kwa kukisia, kama watu wawili waliokutana kituo cha basi. Harusi ilifanywa India, mjini Jamnagar, kwenye asili ya ukoo wa Baba, walizunguka moto, pande zote mbili zikala, kisha Mama akaletwa nyumbani kwa Kaka Harshad, Northfield. Kwa Kigujarati kaka ni ndugu wa baba, si ndugu yako. Huyu alikuwa ndugu mkubwa wa Baba, na nyumba, funguo na maneno vyote vilikuwa vyake.

Mimi ndiye niliyekuwa karani. Mama alisoma Kiswahili vizuri sana, lakini barua za nchi hii zilikuja kwa Kiingereza, basi tangu nina miaka saba nilimsomea kila kitu: barua za shule, za daktari, za manispaa, hata maelezo nyuma ya chupa ya dawa ya kikohozi. Nilikuwa nasimama katikati ya chumba, nasoma kwa Kiingereza kwa sauti ya mtangazaji, kisha namgeuzia. "Karani wangu," angesema, "wanatakaje hawa?" Hakuna cheo nilichowahi kupewa tangu hapo nilichokipenda kama kile.

Ugomvi wenyewe ulikuwa wa dagaa. Mtacheka, na sisi tulicheka baadaye. Nyumba ya Kaka Harshad haikuingia nyama wala samaki, hata yai. Siku moja mjomba wangu alimtumia Mama pakiti ya dagaa kutoka Tanga, na Mama, aliyekuwa hajala dagaa miaka tisa, alishindwa. Alisubiri watu watoke, akafungua madirisha yote, akawakaanga kwa kitunguu na pilipili. Kaka Harshad akarudi mapema. Alisimama mlangoni ameziba pua kwa leso, akamfanya Mama asugue jiko zima mara tatu, kuta hadi dari, kisha akamwambia Baba kwa Kigujarati, mbele yetu: "Huyu si mke wa nyumba hii. Ama jiko langu, ama yeye." Baba hakujibu. Hilo ndilo kosa lake na ninamtaja nalo: hakujibu. Mama alisubiri ajibu mpaka majira yakageuka, kisha akatafuta nyumba ya manispaa, tukapata ghorofa ya tisa, Ladywood, mimi na yeye, sufuria nne na ile pakiti ya dagaa iliyobaki nusu. Baba akabaki Northfield. Mwaka mmoja na kitu ukapita hivyo, yeye akija Jumapili kunichukua, anasimama kizingitini, ananisubiri kwenye ukumbi kama fundi wa lifti.

Ndipo Kaka Harshad akaja na habari ya wakili. Alisema ndoa ilifungwa India, kwa hiyo mambo yake yatamalizwa kwa sheria ya Kihindu, kimya kimya, kwa makaratasi, hakuna haja ya kuwashirikisha Waingereza. Wenyewe hawana haja ya kusafiri: kuna binamu yake Jamnagar atasimama kortini kwa niaba ya wote wawili. Alisema kwa Kigujarati cha haraka sana. Mama alishika neno "mambo" na neno "kumaliza". Akanigeukia. "Yaani ule ugomvi?" Nikasema, "Nadhani."

Wakili Vasant alikuwa mtu wa miwani mikubwa na kikombe cha chai kilichopoa. Alikuwa na haraka, simu ilikuwa ikimlilia kila dakika. Aliuliza kwa Kiingereza kama Mama anaelewa Kigujarati vizuri. Kaka Harshad akasema hapana, si sana, anaelewa Kiswahili, lakini usijali, binti yake anasoma kuliko walimu wake. Nikavimba! Nilikaa sawa kitini, miguu haifiki chini.

"Vizuri," wakili akaniambia. "Mwambie mama yako hivi. Mume na mke, by mutual consent, wameomba kwamba ndoa yao iwe dissolved. Na kwamba hakuna aliyemlazimisha."

Sasa sikilizeni. Mimi nilijua mutual consent ni watu kukubali kitu pamoja. Ningesema "mmekubaliana", Mama angeuliza, tumekubaliana nini, na yule wakili angelazimika kujibu. Lakini nyumbani kwetu mimi na rafiki yangu tukigombana Mama alisema, haya, patananeni. Neno lililonijia lilikuwa hilo, nalo lilinijia kwa furaha kiasi kwamba nusura nipige kelele.

"Mama! Inasema nyinyi wawili mmepatana!"

Kaka Harshad akakohoa. Kikohozi kifupi, mkono mdomoni. Mimi nilidhani ni furaha imemkwama kooni.

"Tumepatana?" Mama akauliza. "Baba yako ndiye aliyesema hivyo?"

"Imeandikwa hapa! Kwa hiari, hakuna aliyelazimishwa."

"Na ndoa? Nimemsikia akitaja ndoa."

Hapo kulikuwa na lile neno la pili, dissolved; kwa wakili ni kuvunjwa, lakini mimi nililijua kwa namna nyingine, maana tulilisoma darasani wiki ileile, tumewekewa bilauri za maji na vijiko. "Wanataka ndoa iyeyuke," nikasema.

"Iyeyuke? Iyeyuke vipi, wee?"

"Kama sukari kwenye chai, Mama. Mwalimu alisema sukari ikishayeyuka huwezi tena kuitoa. Vinakuwa kitu kimoja."

Mama akacheka. Alijifunika mdomo kwa ncha ya sari na akacheka kimoyomoyo, mabega yanatikisika. "Sheria za Kihindu," alisema, "kumbe zina maneno matamu hivi!" Wakili alipomwona mteja wake anacheka, naye akatabasamu. Baba alimwona, akatoa pumzi ndefu, akajipangusa paji la uso. Kila mtu mle ndani alifurahi, na mtu mmoja tu ndiye aliyejua kwamba tunafurahia vitu tofauti. Alikuwa amekaa karibu na dirisha, na amefunga mikono.

Mama akatia sahihi. Kisha wakili akanisukumia karatasi mimi. Chini kabisa palikuwa na mstari unaosema maelezo yametolewa kwa lugha anayoielewa, na nani. "Weka jina lako, msichana mwerevu." Niliandika jina langu lote, na juu ya herufi i badala ya nukta nikachora ua. Kurasa nyingine? "Hizo ni mambo ya kawaida," Kaka Harshad akasema kwa Kiingereza, akazigeuza kwa kidole, moja, mbili, tatu. Wakili akamalizia: sheria inawapa miezi sita ya kutafakari. Baada ya hapo mtarudi hapa, nitawauliza tena, mkisema bado mnataka, basi.

"Miezi sita ya nini?" Mama aliniuliza kwenye basi. Tulipanda juu, tukakaa mbele kabisa pale kwenye kioo kikubwa.

Nikafikiri. "Ya uchumba," nikasema.

Jirani yetu wa ghorofa ileile alikuwa Bi Zuwena, Mzanzibari, mwanamke aliyeachwa mara mbili na asiyeona aibu kulisema. Jioni ileile alikuwa jikoni kwetu anakunywa chai, anataka kusimuliwa kila kitu.

"Miezi sita!" alisema. "Kwetu miye eda ni miezi mitatu."

"Eda ni ya walioachana, Zuwena. Sisi tumepatana."

"Bibi wee, si kila eda ni ya kwenda. Iko ya rejea. Mume akitaka ndani ya muda ule anakurejea, hapana harusi tena, hapana gharama. Labda na nyinyi Mabaniani mna yenu, ndefu zaidi, maana mna miungu wengi wa kuwauliza."

Mama alimpiga kwa kitambaa cha vyombo. "Haya, cheka. Anarudi!"

"Na arudi! Mie nitavaa nini?"

Toka siku ile nyumba yetu ikawa nyumba ya harusi. Sijui nianze na lipi. Mama alianza tena kupaka ile poda nyekundu kwenye njia ya nywele ambayo mke wa Kihindu huipaka akiwa na mumewe, na ambayo alikuwa ameiacha tangu Northfield. Alikuwa akiimba akiwa anafua. Nilichora kalenda ya wiki ishirini na sita nikaibandika nyuma ya mlango wa choo, na kila Jumamosi nilipewa kalamu nyekundu nifute. Shuleni nilimwambia kila mtu. Rafiki zangu Waingereza hawakuelewa kwa nini watu waliooana wachumbiane tena, nikawaambia kwa kiburi kwamba hiyo ndiyo sheria ya Kihindu, nyinyi hamna.

Na zile Jumapili! Kabla ya hapo Baba alisimama ukumbini. Sasa Mama alimfungulia mlango wote na kumwambia kwa Kigujarati chake, "Njoo, kaa, kula," na Baba, kwa mshangao, akaingia, akakaa, akala. Mama alimpikia lapsi, ile ngano ya kupaazwa inayopikwa kwa samli na sukari guru siku za heri. Hakuna aliyetaja karatasi. Mama aliona haya kuitaja. Mwanamke hamwambii mumewe fanya haraka urudi. Baba naye, nimekuja kujua, aliona haya zaidi. Alikula ameinamisha kichwa. Kwenye basi la kwenda Northfield aliniuliza kwa Kiingereza:

"Mama yako yuko sawa? Analala?"

"Anaimba," nikasema.

"Anaimba?"

"Kila siku!"

Akatazama nje, maduka yanapita. "Mama yako ni mtu mzuri sana," alisema. Siku hiyo ndiyo aliyoninunulia gauni la manjano. Nilirudi Ladywood nikapanda ngazi za ghorofa tisa kwa miguu kwa sababu lifti ilikuwa inachelewa na mimi nilikuwa napasuka. "Mama! Mama! Baba amesema wewe ni mtu mzuri sana!" Aliniambia nirudie. Nikarudia. Akaniambia nirudie kwa Kiingereza, vilevile alivyosema yeye. Alikuwa na unga mikononi, akasimama hivyohivyo, hajui aiweke wapi mikono.

Karibu na mwisho wa kalenda tukapaka rangi. Sebule yetu ilikuwa ya kijivu, rangi ya manispaa, na Mama alisema mwanamume hawezi kurudi kwenye chumba chenye rangi ya mvua. Tulinunua makopo mawili ya rangi ya zafarani. Bi Zuwena alikuja na kanga kiunoni na mkebe wa biskuti, Jumamosi asubuhi, madirisha yote wazi, baridi inaingia na jua linaingia. Nilipewa sehemu ya chini, kuanzia sakafu hadi kimo changu. Bi Zuwena alinipaka puani. Mama akampaka yeye. Tulicheka hadi jirani wa chini akagonga dari yake kwa fimbo ya ufagio. Halafu Mama akafungua kabati, akatoa pakiti yake ya dagaa, ile aliyoifunga kwa mifuko mitatu isinuke, akampa Bi Zuwena mkononi.

"Chukua. Hawataingia tena kwangu."

Bi Zuwena aliacha kucheka. "Wote? Shoga, ujibakishie hata kidogo wewe."

"Wote. Safari hii asipate sababu."

Mnaona? Alikuwa tayari. Alikuwa ametoa kitu pekee alichokuwa nacho cha kwao. Huyo ndiye mwanamke waliyemwandika kwamba ameridhia kuachwa.

Siku ya kurudi kwa wakili Mama alivaa sari yake ya harusi, nyeupe yenye pindo jekundu, ndani ya koti la baridi. Alipika lapsi ya kumpelekea wakili, akaitia kwenye kopo la bati lenye kifuniko, nikaipakata kwenye basi, moto wake unapenya gauni hadi mapajani. Baba alipomwona Mama anavua koti, akasimama. Nakumbuka akisimama. Wakili akakunjua karatasi, akaniuliza kwa tabasamu kama bado nasoma vizuri, kisha akasema:

"Kabla hajasaini, muulize. Tiketi yake ya kurudi Tanzania ni ya lini?"

Nikamgeuzia Mama papo hapo, kama mashine, kabla neno halijanifikia mwenyewe. "Anauliza tiketi yako ya Tanzania ni ya lini."

"Tiketi? Ya nani?"

Nikanyoosha mkono nikachukua zile kurasa. Nilisoma ya nne, moja kati ya zile zilizogeuzwa kwa kidole. Kiingereza chake kilikuwa rahisi mno. Nilimgeuzia sentensi moja moja, sauti inanipungua. Mke atarudi kwa ndugu yake, Tanga. Mtoto atabaki kwa baba yake. Mke hatadai jambo lolote. Wameachana kwa ridhaa yao wote wawili.

"Rudia," Mama akasema.

Nikarudia.

"Si ulisema tumepatana, karani wangu."

Hapo ndipo alipoweka kalamu, na hapo ndipo Kaka Harshad alipoinuka na kile Kiswahili chake kisicho na doa. Baba aliuliza kwa Kiingereza, "Anasema nini?" na Kaka Harshad akamjibu, bila kugeuza kichwa, "Anauliza habari za tiketi." Wakili Vasant alikuwa amepokea simu. Ninamtaja na yeye: alikuwa amepokea simu.

Mama alipomaliza kutia sahihi alifungua lile kopo, akaliweka katikati ya meza, mvuke unapanda, harufu ya iliki imejaa chumba. "Waambie wale," alisema. Nikawaambia. Hilo ndilo neno la mwisho nililomtafsiria mtu yeyote.

Tuliporudi Ladywood Mama hakuingia kwetu. Alikwenda moja kwa moja kwa Bi Zuwena, akagonga, bado na koti na sari ya harusi. "Nipe dagaa wangu." Bi Zuwena alimtazama, hakuuliza, akawatoa. Mama aliwakaanga kwa kitunguu na pilipili katika ile sebule ya zafarani, madirisha yamefungwa, harufu ya dagaa juu ya harufu ya rangi, akawala wote kwa mkono, na mimi akanilisha.

Baada ya wiki tatu aliondoka. Mimi nikahamia jikoni kwa Kaka Harshad, Northfield, na nikaacha kusoma. Sisemi sikuweza, nasema niliacha. Darasani nikiambiwa simama usome nilikaa kimya, wakadhani nimeharibika, wakanipima macho, masikio, akili. Nilitoka shule bila cheti hata kimoja, na nimeosha vyombo vya watu tangu hapo hadi hivi leo nakaribia arobaini. Kiswahili hiki cha kuandika nimekipata kwa barua za Mama tu. Alinitumia kila mwezi na kila moja ilianza, Karani wangu. Hakunilaumu hata mara moja. Baba nilimweleza nikiwa na miaka ishirini na mbili, yeye tayari ana mke mwingine na watoto wawili. "Nilidhani amefurahi kuniacha," alisema. Tukakaa hivyo, mtu na binti yake, hakuna wa kumlaumu mwenzake.

Mama alifariki mwaka jana, Tanga. Baada ya mazishi nilimuuliza mama mmoja anayeshughulika na kesi za ndoa kama hizo, nikiwa nimebeba nakala ya ile karatasi yenye ua juu ya herufi i. Alinieleza taratibu. Kwamba ile miezi sita iliwekwa ili mtu aweze kubadili mawazo. Kwamba siku ya pili inaitishwa kwa ajili ya swali moja tu, bado unataka, na mmoja wao akisema hapana, inaishia hapo. Kwamba Mama alipoweka kalamu chini alikuwa tayari ameshinda. Na kwamba hakuna mahakama, ya Jamnagar wala ya Birmingham, ambayo ingemgusa mtoto wa miaka kumi na moja kwa kukosea neno. Nilimwomba arudie hilo la mwisho. Alirudia.

Sasa, Kaka Harshad. Uko hai, una afya, nakuona. Kila Jumapili unakaa kwenye ile kamati yenu ya kuwasuluhisha mke na mume waliogombana, wanakuletea binti za watu uwape ushauri, wanakugusa miguu kwa heshima. Ulilijua neno kupatana uliposikia nikilisema. Ulikohoa. Ulikuwa na miezi sita, wiki ishirini na sita nilizozifuta moja moja kwa kalamu nyekundu, na ulitujia mara ngapi, ukaiona ile poda nyekundu kichwani mwa Mama, ukanywa chai ukaondoka. Sikutaki kortini, sitaki radhi yako ya pembeni. Nataka Jumapili moja usimame mbele ya kamati yako yote, uyaseme yale uliyomwambia Mama sikioni, neno kwa neno, kwa Kiswahili kilekile. Usihofu kwamba hawatakuelewa.

Mimi nitawatafsiria.